Mwiko Uliopita Katikati ya Nondo

Sanduku lenyewe limeondoka nyumbani kwangu tangu mwaka jana, lakini harufu yake imegoma kuondoka. Ni harufu ya nafthalini, zile punje nyeupe zinazotiwa kwenye nguo za sufu ili wadudu wasizitoboe, imechanganyika na mbao kuukuu na kitu kingine kama siagi iliyosahaulika. Mume wangu anasema ameshapiga deki kona ile mara tatu. Namwambia apige ya nne, kwa sababu mimi kona ile siisogelei. Nikiivuta harufu kidogo tu, tayari nina miaka tisa, niko Turffontein, mlango umefungwa kwa nje, na ufunguo uko Yeoville.

Niwape mwanzo, msije mkapotea. Mama yangu alinitoa Uvira, mashariki ya Kongo, nikiwa mgongoni, tukaja kuangukia Johannesburg kwenye chumba cha uani huko La Rochelle, ambamo kitanda, jiko na sisi wenyewe tuligombea nafasi. Mama alikuwa na kazi mbili. Asubuhi alimhudumia mwanamke mzee wa Turffontein, mwendo wa miguu kutoka kwetu: alimwogesha, akampikia, akafagia. Saa sita mchana alipanda taksi kwenda Yeoville kusuka watu nywele mpaka jua lizame. Yule mzee aliitwa Ragna. Mimi nilimwita Gogo, kama watoto wa Johannesburg wanavyomwita kila bibi, awe mweusi au awe mweupe kama yeye.

Majira ya baridi ya mwaka ule mji ulichafuka. Vijana walikuwa wakivunja maduka ya wageni, na wengine walisimamisha watu njiani wakawauliza kiwiko kinaitwaje kwa Kizulu. Asiyejua, ole wake. Sasa sikilizeni kichekesho chenyewe: mimi nilijua. Nilijua kiwiko, goti na kisigino, pamoja na matusi yote yanayoambatana navyo, maana nilisoma shule ya palepale. Asiyejua alikuwa mama. Lakini aliyefungiwa ndani nilikuwa mimi, na mama ndiye aliyepanda taksi mbili kila siku kwenda Yeoville, na kiwiko chake kisicho na jina.

Likizo ilipoisha hakunirudisha shule. Alinipeleka naye kwa Gogo kila asubuhi, na saa sita ikifika alivaa koti, akatoka, akavuta geti la vyuma la mlangoni, akalifunga kwa kufuli kubwa, kisha akautumbukiza ufunguo kifuani.

"Weye, unasikia? Ata kama ni malaika njo anabisha, usimufungulie."

"Nitamfungulia na nini, mama? Ufunguo si unaondoka nao?"

Nilimjibu kwa Kiingereza. Ndivyo tulivyoishi, yeye Kiswahili chake cha Uvira na mimi Kiingereza cha shule, na kila mmoja alimwelewa mwenzake vizuri sana pale alipotaka. Ufunguo hakumwachia Gogo kwa sababu Gogo hakuona. Macho yake yalikuwa yamebakiwa na ukungu pembeni tu, na yeyote mwenye sauti ya upole alifunguliwa. Kuna mwuza mafagio alishafunguliwa hivyo hivyo, akaondoka na redio.

Mama alikuwa na tabia moja niliyoiona ya ajabu hata wakati ule. Akishafunga mlango, harudi. Akisahau chakula chake mezani, atashinda na njaa. Akisahau mwavuli na mvua inamwaga, atalowa. Nilikuwa nikimpungia ule mwavuli dirishani na kumwita kwa sauti yangu yote, naye anatembea tu, shingo imekaza, mpaka anapotelea kwenye kona ya robot, zile taa za kuongozea magari. Nilidhani ni kiburi.

Basi tulibaki wawili, kizee asiyeona na mtoto mwenye hasira. Nyumba ilikuwa na nondo katika kila dirisha, hata lile la choo ambalo paka angepita kwa shida. Kutoka dirisha la jikoni niliona kipande cha barabara, ile robot, na spaza, kiduka cha mtaani, ya Msomali iliyokuwa imeshushwa mlango wa bati siku zote. Nilijua kwa kichwa robot ilikaa nyekundu kwa muda gani. Siku za Jumamosi upepo ulileta sauti ya mtangazaji kutoka uwanja wa mbio za farasi, akitaja farasi kwa majina kwa kasi ya ajabu. Nililia siku moja kwa sababu farasi walikuwa wakikimbia na mimi sikimbii. Gogo alinisikia, akauliza nini kimetokea. Nikamwambia hakuna.

"Hakuna huwa hailii, mntanami," akasema. "Njoo. Una macho, mimi nina kazi."

Mntanami ni mwanangu kwa Kizulu. Gogo alikiongea Kizulu kama aliyezaliwa nacho, na kweli alizaliwa nacho, huko pwani ya Natal. Wazee wake walikuwa Wanorwe, watu wa ile nchi ya Ulaya iliyo juu kabisa kwenye ramani. Wengine wao walikuja kulima miwa, wengine kuwinda nyangumi, na baadaye watoto wao wakapanda Johannesburg kutafuta kazi za reli na za migodi. Walipokuwa wengi walikutana kwa Gogo mwezi wa Mei, siku ya taifa lao, wakazunguka ua na vibendera huku majirani wakichungulia juu ya ukuta. Krismasi walishikana mikono wakauzunguka mti wakiimba. Halafu wakaanza kufa, mmoja mmoja. Watoto wao walihamia Cape Town, Australia, kila mahali, na kabla ya kuhama walipitia kwa Gogo wakiwa na maboksi. Kila mmoja alisema vile vile: "Weka kwa Ragna." Hivyo vyumba viwili vya nyuma vilijaa mpaka dari. Kulikuwa na masweta ya sufu, vitabu vya nyimbo, vikopo vya mbao vyenye vifuniko vya kubana, bruchi za fedha, zile pini za kupamba kifua, zenye visahani vinavyolia ukizitikisa, na barua zilizofungwa kwa uzi. Katikati ya yote lilikaa sanduku kubwa la mbao lililochorwa maua ya waridi, mekundu na buluu, na ndani yake nafthalini.

Vitu hivyo siku zake zilikuwa zinahesabika. Mpwa wa Gogo aliyekuwa Australia alikuwa ameamua, kwa simu, kwamba mwisho wa mwaka Gogo ahamie nyumba ya wazee na ile ya Turffontein iuzwe. Lakini kando ya kanisa lao la zamani kule pwani kulikuwa na makumbusho madogo ya hao Wanorwe, na mama mmoja wa huko alikuwa ameahidi kuja na gari kuchukua. Aliweka sharti moja: anachukua tu kitu chenye maelezo, kilikuwa cha nani na kilifikaje. Makumbusho yalikuwa na chumba kimoja, hayakuwa na nafasi ya vitu visivyojulikana.

"Kitu kisicho na hadithi ni kuni," Gogo akasema, akanikabidhi furushi la kadi zilizotobolewa na kupitishwa uzi.

Tulifanya kazi hivi. Nilichukua kitu, nikamweleza rangi na alama zake. Yeye alikipokea, akakipapasa polepole kwa vidole vyenye mafundo, akakinusa, wakati mwingine akakiweka shavuni. Kisha akasema, na mimi nikaandika kwa Kiingereza na kukifunga kadi shingoni kama mtoto wa chekechea. Alichoka haraka. Mimi nilikuwa sichoki, kwa sababu nje hakukuwa na pa kwenda. Mara nyingine, katikati ya bruchi, alianza kucheka peke yake. Aliniambia wazee wao walikuwa wabishi, hawataki kusimulia kitu. "Ukitaka mtu wa namna hiyo aseme, msingizie baba yake. Sema alikuwa mlevi. Hapohapo utasimuliwa mpaka chai ipoe."

Katika vitu vyote nilikipenda kimoja. Kilikuwa kijiti cha kukorogea uji, kimetengenezwa kwa ncha ya mti mchanga wa msonobari, na vijitawi vyake vimekatwa vifupi chini ili visage mabonge. Babu yake Gogo alikuwa seremala wa meli ya nyangumi. Meli ilinaswa na barafu huko kusini, ikakaa miezi bila kwenda mbele wala nyuma. Wengine walicheza karata, wengine walipigana. Yeye aliuchukua mti wa Krismasi wa melini, akakata ncha yake, akachonga kijiti cha uji kwa ajili ya mkewe. Mke mwenyewe alikuwa hana. Barafu ilipoyeyuka alitoka na kijiti mkononi, akaanza kutafuta mke wa kukishika.

Nilimwuliza Gogo kama alitoka salama. Akasema, "Mimi nipo hapa, au hunioni?"

Na sasa nifike kwenye mwiko wetu. Mama alikuwa na mwiko wa kusongea bugali ambao ulitoka naye Uvira. Ulikuwa mzito, umepinda kidogo kuelekea kushoto, na ubavu mmoja umeungua mweusi. Vijiko vya chuma vya Gogo alividharau. Kila asubuhi alikuja na mwiko wake umefungwa kwenye kipande cha kitenge, akasonga bugali yetu ya mchana, akauosha, akauacha juu ya sinki ukauke. Jioni alipokuja kunichukua alitubeba wote wawili, mimi na mwiko. "Mwiko ya mutu hailale kwa mwenzake," alisema. Hatukuwa na kitu kingine chochote cha nyumbani, hata picha. Nilipomwuliza nani aliuchonga, alisema ni mwiko tu. Nilipomwuliza baba alikuwa nani, alisema nimalize kula.

Siku moja Gogo alipapasa sinki akitafuta kikombe, akaugusa. Akauinua, akauzungusha, kidole gumba chake kikapita taratibu kwenye ule upinde.

"Huu si wetu. Ni wa nani?"

"Wa mama."

"Nani aliuchonga?"

"Sijui."

"Ulifikaje hapa?"

"Sijui."

Akaurudisha pale pale. Lakini mimi nilikuwa nimeshaandika kadi mia na kitu, na niliijua sheria. Nilihisi aibu iliyonichoma mpaka masikioni. Babu wa mtu niliyemjua kwa wiki chache nilimjua mpaka jina la meli yake, na baba yangu mwenyewe alikuwa kuni.

Nikaenda chumba cha nyuma, nikachukua kadi, nikaandika ya kwetu. Sikuwa na hadithi, basi nikaazima. Niliandika kwamba mwiko huu ni wa mama yangu kutoka Uvira, kwamba ulichongwa na baba, fundi seremala, alipokuwa amefungiwa mahali asipoweza kutoka, akimfikiria mama. Nikaifunga kadi kwenye mpini. Nilipouona na kadi yake, ukafanana na vile vingine vyote, nikaridhika. Kila jioni kabla mama hajaja niliifungua kadi, na kila mchana alipoondoka niliifunga tena.

Gari la makumbusho lilikuja siku ambayo hatukuitarajia, siku moja kabla ya ahadi. Ilikuwa saa nane mchana. Nilisikia honi, nikakimbilia dirisha la jikoni, nikaona bakkie nyeupe, gari dogo la mizigo, na mama mmoja mrefu mwenye nywele za kijivu akishuka na kushika geti letu. Alilitikisa. Kufuli likagonga chuma.

Gogo alimpigia mama simu. Haikuita. Akapiga tena na tena mpaka akaiweka chini. Yule mama wa makumbusho alisimama nje ya dirisha, umbali wa mkono mmoja kutoka kwangu, akaeleza kwa aibu kwamba ameharakisha kuja kwa sababu ameambiwa barabara zitafungwa, kuna matairi yanachomwa upande wa mji, na dereva wake hataki kulala Johannesburg. Alikuwa ametoka pwani alfajiri. Wangeweza kusubiri nusu saa tu. Na kama watarudi mwaka huu, hakujua.

Sijasahau uso wa Gogo. Alikuwa ameshika ukingo wa sinki kwa mikono miwili. Watu wake wote walikuwa kwenye vyumba vile viwili, kila mmoja na kadi shingoni, na kati yao na gari kulikuwa na geti ambalo si yeye wala mimi tungeweza kulifungua. "Ni vyuma tu," akawa anasema. "Ni vyuma tu."

Nikaweka mkono wangu katikati ya nondo za dirisha. Ukapita mpaka begani.

"Gogo," nikasema, "vidogo vitapita."

Nusu saa ile nilikimbia kuliko farasi wote wa Turffontein. Barua zilipita. Vitabu vya nyimbo vilipita kwa ubavu. Bruchi, vijiko, masweta yaliyokunjwa kwa urefu, vyote vilipita, na yule mama akapokea, akasoma kadi, akampa dereva. Vikopo vya mbao vingine vilipita na vingine vikakwama, nikavirudisha chini. Saa ya ukutani iligoma. Sanduku la waridi tulilivuta mpaka korido tu, dirishani hata hatukulijaribu. Gogo alisimama kwenye mlango wa chumba cha nyuma akinipokeza kitu baada ya kitu, akikitambua kwa vidole na kukitaja kwa sauti mara ya mwisho. Kijiti cha uji alikishika muda mrefu kidogo. Kisha nikakipitisha, na vile vijitawi vikakwaruza chuma.

Mkono wa yule mama ulibaki umenyooshwa. "Kuna kingine?"

Mwiko ulikuwa hapo kwenye sinki, na kadi yake. Naomba msinitetee kwamba nilikuwa mtoto na nilichanganya, sikuchanganya. Nilifikiria chumba chetu cha La Rochelle, na vile mama alivyolala na viatu karibu na mlango. Nilifikiria kwamba wale vijana wakija kuchoma, mwiko utaungua upande wa pili. Hawa Wanorwe walikuwa na nyumba ambako vitu vyao havifukuzwi na mtu. Na zaidi ya yote nilitaka kitu chetu kimoja, hata kimoja tu, kitoke nje ya nondo zile. Nikaupenyeza mpini kwanza. Ule upinde ukanasa, nikauzungusha, ukapita.

Yule mama alisoma kadi. Alinitazama, akasita, kama anayetaka kuuliza kitu. Dereva akapiga honi. Akauweka mwiko pamoja na vijiko vingine, wakaondoka.

Mama alirudi jioni, akavua koti, akanyoosha mkono juu ya sinki. Ukashika hewa. Akaangalia chini, akaangalia kwenye kabati, akaangalia ndani ya sufuria.

"Mwiko iko wapi?"

Nikamwambia. Nilitegemea kofi, na kusema kweli kofi ningelipokea kwa furaha. Mama alirudi nyuma mpaka akakalia lile sanduku, ambalo tulikuwa tumelivuta hadi kwenye korido likaishia hapo. Alikaa na mikono imelala mapajani, viganja juu. Gogo alisimama ukutani akisikiliza asichokielewa. Sijawahi kuona nyumba imefungwa namna ile, na geti lilikuwa wazi.

Kwa hofu nikaanza kusema. Nikamwambia hautapotea, una kadi, nimeuandikia hadithi. Nikamsomea kwa kichwa: kwamba ulichongwa na baba, fundi seremala, alipokuwa amefungwa.

Mama akainua uso. "Nani amekuambia alifungwa?"

Nikasema nimeitunga mwenyewe.

"Baba yako hakufungwa ata siku moya. Na fundi ya mbao alikuwa nani? Yule? Alikuwa mwalimu, mikono yake ilikuwa ya chaki." Sauti yake ilikuwa ya hasira, hasira ya mtu aliyesingiziwa. "Aliichonga mwenyewe juu hakukuwa na kitu ingine ya kunipa. Siku ya Mungu tatu anachonga. Akajikata kidole, akaoa na kitambaa kwenye kidole. Mashangazi banacheka, banasema mwiko yenye inaenda kushoto, bugali yake itaenda wapi?"

Akacheka. Mimi mama yangu nilikuwa sijawahi kumsikia akicheka namna hiyo, na kicheko chenyewe hakikufika mwisho.

Alinieleza kwamba siku waliyokimbia alikuwa anakoroga uji wangu. Risasi zilianza upande wa mlimani, akanitupa mgongoni akatoka, na alipofika karibu na mpaka wa Burundi ndipo alipoona ameshika mwiko. Baba alitoka nasi. Tulikuwa tumefika kwenye kona ya barabara kubwa aliposimama akajipapasa mifuko.

"Akasema, 'Sikufunga mulango. Muende, ninafunga, ninakuya.' Njo vile alisema. Ninafunga, ninakuya." Mama aliufuta uso kwa kiganja. "Na ile mulango, mutoto yangu, ata weye ungeivunja na muguu."

Gogo aliniomba nimtafsirie. Nikamtafsiria yote, kwa hiyo nikaisikia hadithi ya baba yangu mara mbili jioni ile, ya pili ikiwa imetoka kinywani mwangu mwenyewe. Gogo alisema atapiga simu kesho, mwiko urudishwe. Mama akatikisa kichwa. Alisema kwanza uongo ule utolewe pale. Gogo akaniambia nichukue kadi mpya, na niandike kwa lugha ya mama, kama zile barua zao zilivyobaki katika lugha yao. Nikaandika Kiswahili kwa mara ya kwanza katika maisha yangu, herufi kwa herufi, mama akinisimamia: mwalimu, siku ya Mungu tatu, yaani Jumapili tatu, kidole, kushoto, mulango. Tuliituma kwa posta. Halafu mama akasonga bugali kwa kijiko cha chuma, ikawa mabonge matupu, tukaila wote watatu.

Simu ya kuurudisha mwiko haikupigwa. Kila Gogo alipotaka kupiga, mama alisema bado. Mwisho wa mwaka Gogo akahamishwa, na siku hiyo akamwachia mama sanduku la waridi. Alisema halikupata njia ya kutoka, basi tukae nalo mpaka njia ipatikane. Hatukumwona tena. Sanduku lilitufuata La Rochelle, kisha likanifuata mimi nilipoolewa, na kifuniko chake sijawahi kukifunga, niliweka kabari ya mbao. Milango yangu pia naiacha wazi mpaka mume wangu analalamika.

Kwa miaka mingi niliamini kwamba majira yale ya baridi mfungwa nilikuwa mimi. Nilimdai mama wiki zile zote, wakati mwingine kwa maneno. Mpaka nilipopata binti yangu, na siku moja nikamfungia mlango kwa nje niende dukani mara moja tu. Nilisimama barabarani na ufunguo mkononi, nikashindwa kupiga hatua. Mama aliweza kupiga hatua hiyo kila siku, mpaka Yeoville, bila kugeuza shingo. Yule aliyerudi kufunga hakuonekana tena, kwa hiyo mama alifunga kwanza, akabeba ufunguo kifuani, na mwenye ufunguo lazima afike jioni.

Mwaka jana tulipata gari, nikalipakia sanduku, nikamchukua na mama, tukateremka pwani. Yule mama wa makumbusho bado yupo, nywele sasa ni nyeupe. Alitufungulia chumba. Ndani ya kabati la kioo, kando ya kijiti cha uji kilichotoka kwenye barafu, ulilala mwiko uliopinda kushoto, na chini yake kadi yenye herufi zangu kubwa ambazo hakuna mgeni wa pale anayeweza kuzisoma. Alisema hakuwahi kuthubutu kuiondoa. Akatoa ufunguo wa kabati, akamnyooshea mama, akasema ni wako, uchukue.

Mama alivua kilemba, akakiweka kando, akakaribia kioo mpaka pumzi yake ikakitia ukungu. Akaniambia nimwulizie swali.

"Hapa banafungaka magaribi?"

"Kila siku," akajibu yule mama nilipomtafsiria.

"Nani anafungaka?"

"Mimi mwenyewe."

"Na asubui unarudiaka?"

Yule mama alishangaa kidogo. "Narudi," akasema. "Kila asubuhi."

"Basi," mama akasema, "ikae."

Tukateremsha sanduku la waridi, tukaaga, tukatoka. Tulikuwa tumeshafika kwenye gari, na nyuma yetu mlango umeshafungwa, mama alipogusa kichwa chake akaona ameacha kilemba ndani. Mimi nikafungua mlango wa gari, maana namjua, kilemba hicho tumeshakipoteza. Mama alisimama. Kisha akageuka, akarudi peke yake mpaka mlangoni, akabisha. Nilibaki kando ya gari nikamsubiri, na baada ya muda mfupi nikamwona anakuja, anajifunga kilemba chake.